Dawa Ambayo Si Dawa Bado

Juma lililopita, kwenye dirisha la dawa hapa Malindi, nilisimama nyuma ya mama mmoja aliyembeba bintiye mwenye sikoseli, ule ugonjwa wa damu. Mfamasia alimpa vidonge vya kukinga malaria, kisha akamwambia mwenzake, "Hivi si dawa bado. Ni prodragi."

Mama akavirudisha kwa mikono miwili. "Daktari, mmoja nimeshamzika kwa malaria. Huyu tafadhali mpe dawa yenyewe."

Mfamasia alitoka nje, akamgusa mtoto chini ya mbavu za kulia. "Niwie radhi, mama. Prodragi huingia mwilini kabla haijawa dawa. Ikifika hapa kwenye ini, ini ndilo linaloigeuza ikawa dawa."

"Ini lake mwenyewe?"

"Lake mwenyewe."

Mama alimtazama bintiye kana kwamba ndiyo kwanza anamwona. "Miaka sita naambiwa huyu ni mgonjwa," akasema polepole. "Hakuna aliyeniambia kuwa ni mganga pia."

Akavichukua vidonge.

Kamusi yangu haina neno prodragi. Nimeliandika ukingoni kwa wino, na maana niliyoiweka ni ya yule mama: dawa ambayo mgonjwa mwenyewe ndiye mganga wake.