Gauni la Harusi na Viza ya Australia

Jamani, acheni nijiumbue mwenyewe kabla watu wa Xiaobei, mtaa wetu Waafrika wa Guangzhou, hawajanisimulia vibaya zaidi.

Niliomba makazi ya kudumu Australia, kule wanakokupima kwa alama: umri, ufundi wako, Kiingereza. Mimi fundi umeme niliyegeukia biashara ya nguo, alama zikatosha. Wakaitaka pasipoti yangu waigonge viza. Nikaituma, nikabaki Guangzhou mikono mitupu, na mwaka wenyewe ulikuwa wa misako. Polisi walimsimamisha kila Mwafrika wamuulize pasipoti.

Jumanne, kwenye jengo tunalonunua nguo, mtu mwenye sare ya buluu akamuuliza mlinzi jambo. Mlinzi akaninyooshea kidole.

Nikatoka nduki. "Msako! Msakooo!" Ghorofa nzima ikakimbia. Nikajitosa kwenye duka la magauni, nikajivika moja la harusi, shela usoni, nikasimama katikati ya sanamu, mkono kiunoni, pumzi nimezibana.

Yule bwana akaingia, akitweta. Mwenye duka, mama wa Kichina, akacheka hadi machozi, akanifunua shela.

"Barua yako," yule bwana akasema. Kumbe tarishi! "Nionyeshe pasipoti, usaini."

"Imo humo humo kwenye bahasha!"

Nikaipasua bahasha mbele yake. Viza hiyo hapo, inang'aa! Nikaruka juu na gauni langu, nikipiga vigelegele.

Chini ya meza akachomoza Mama Neema, mfanyabiashara mwenzangu wa Mwanza, kajaa vumbi hadi kope.

"Hongera, baba," akasema. "Ila waandikie, wamesahau kukupa alama za mbio."