Gauni la Satini Kwenye Uzio wa Minyaa

Asubuhi ile pasi ilipogusa gauni tulikuwa wanawake wanne, na mtoto mgongoni. Mimi, mama wa mtoto. Mama mkwe wangu, aliyemzaa mume wangu, tuliyehamishwa naye siku moja kwenye lori moja. Wifi yangu, kitinda mimba wa mama mkwe, msichana bado na mdomo hauna breki. Na mke wa katekista, ambaye hakuwa ndugu yetu wa damu, ila gauni lilikuwa lake na pasi ilikuwa yake. Mtoto ni binti yangu wa kwanza, ana miezi minne. Mume wangu hakuwepo, alikuwa zamu kwenye shamba la kijiji. Majina yao wote ninayo, na ya baba zao, na la mbwa wa katekista pia ninalo. Siyaandiki kwa sababu wajukuu zao wapo na sikuwaomba ruhusa. La binti yangu siliandiki kwa sababu nililichagua mimi lakini hakufika kupewa.

Niliingia kisomo cha watu wazima nikiwa tayari na watoto, kwa hiyo mwandiko wangu mniwie radhi. Kukumbuka sikuhitaji kufundishwa.

Gauni lenyewe lilikuwa dogo, satini nyeupe, mikononi lina utepe wa kufungia. Mke wa katekista alilikata kutoka kwenye gauni lake la harusi, upande wa chini uliokuwa haujachakaa. Kigango chetu kilikuwa banda la nyasi, na kengele yake ilikuwa rimu ya gari iliyotundikwa mtini, lakini kila mtoto aliyebatizwa pale alivaa satini ile. Wakiwa wawili siku moja, wa kwanza alivuliwa, wa pili akavikwa. Na utaratibu wake ulikuwa huu: mama mwenye zamu alilifua yeye mwenyewe, kwa mikono yake. Hakusaidiwa na mtu. Kisha mke wa katekista alikuja na pasi ya mkaa kulinyoosha na kulikagua. Sisi tuliona kule kufua ni nusu ya ubatizo.

Zamu yangu ilipofika nilikwenda kulichukua.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Kaa chini. Umewahi kufua satini?"

"Sijawahi, mama. Nimefua kaniki, na khanga, na shati la baba mtoto."

"Basi hayo yote yasahau. Maji ya kisima usiguse, yana chumvi. Tafuta ya mvua. Sabuni uikwangue kwa kisu, iyeyuke kwenye maji ya uvuguvugu, ndipo nguo iingie. Usisugue. Bonyeza kwa kiganja, kama unaogesha mtoto mchanga. Na usikamue, mwanangu. Satini ukiikamua inavunjika, haikurudii tena. Izungushie khanga kavu, uikandamize mpaka maji yahame. Anika kivulini. Jua litaigeuza iwe rangi ya meno ya mvuta tumbaku."

Nilipomweleza mama mkwe, alicheka mpaka akaweka ungo chini. "Nguo inaogeshwa kuliko mkwe! Mimi wangu tisa walibatizwa na vipande vya kaniki, na maji hayakumkataa hata mmoja."

"Enzi zako, mama," wifi akamjibu, "hata padre mwenyewe alikuwa anavaa kaniki."

Tulicheka. Hicho ndicho kicheko cha mwisho ninachokikumbuka katika nyumba ile.

Sasa maji. Tulikuwa na miezi michache tu tangu serikali itulete kijijini. Kwetu zamani tulikaa juu kwenye miamba, ambako mawe yana mashimo yanayotunza maji ya mvua, maji laini, sabuni kidogo tu povu linajaa. Kijiji kipya kiliwekwa chini mbugani, nyumba kwa mistari, na kisima kimoja cha watu wote. Maji yake ukitia sabuni inakatika vipande kama maziwa yaliyoharibika. Kisimani ndipo tulipojuana na watu wa kutoka pande nyingine, na wao walishatupa jina: watu wa mawe. "Watu wa mawe wamefika, chungeni ndoo zenu." Walisema kwa utani. Lakini mtu ukishavunjiwa nyumba, utani unaingia ndani sana.

Padre alikuwa anakuja mara moja kwa mwezi, barabara ikikubali. Siku yake ilikuwa Jumapili. Alhamisi alfajiri nilimfunga mtoto mgongoni, nikabeba debe kichwani, nikapanda kwetu. Nilikuta tembe letu halina paa, miti imeshachukuliwa na watu, na ndani ya kuta kumeota mbigili. Sikukaa kutazama. Nilikwenda kwenye mwamba, nikasogeza uchafu wa juu kwa kiganja, nikachota kwa kata, taratibu, nisitibue tope la chini. Nilirudi na debe limejaa, shingo imekufa, mtoto amelala njia nzima. Nilijiona mtu.

Nikafua. Kila alichosema mke wa katekista nilikifanya. Nilikwangua sabuni, nikapima uvuguvugu kwa kiwiko, nikabonyeza, nikasuuza mara tatu, nikazungushia khanga. Satini ikiwa imelowa inang'aa na ina uzito wa kitu hai, ukiishika unaogopa kupumua. Nilitumia nusu debe tu. Nusu nyingine nikaifunika nyuma ya mlango.

Ikabaki kuanika. Ndani ya nyumba palikuwa na moshi, chumba kimoja na jiko humo humo, satini ingetoka inanuka na imefifia. Kamba hatukuwa nayo. Kwetu zamani tulianika juu ya uzio wa minyaa aliouotesha baba mkwe, uzio mkongwe, mashina magumu kama mbao. Nguo zote za ukoo ule zilikauka pale na hazikupata doa. Kijijini nako tulikuwa tumeamriwa kila nyumba ipande minyaa. Nilitoka nje nikaona uzio umekatwa juu sawasawa kama meza. Upande wa mashariki kivuli kilishaingia. Nikalilaza gauni pale, nikaketi karibu kufukuza nzi na kuku.

"Wifi, na feni tukuletee?" wifi akanipita akinitania.

Ambacho sikukijua ni hiki. Ijumaa kulikuwa na mgeni wa kukagua kijiji. Balozi wa nyumba kumi, mchana ule wa Alhamisi mimi nikiwa bado nashuka mwambani, alipita na panga akakata vichwa vya uzio wote ili mstari uonekane. Mnyaa uliokatwa unatoa maziwa. Kila mtu wa Singida anajua maziwa yale yanachoma macho, hata mbuzi anayakwepa. Mimi nilijua toka ninatambaa. Lakini nilipouona uzio niliona mahali pa kuanikia, kwa sababu maisha yangu yote uzio ulikuwa mahali pa kuanikia. Na maziwa ni meupe, na satini ni nyeupe, na ilikuwa bado mbichi. Jioni nililikunja bila kuona kitu.

Ijumaa asubuhi mke wa katekista alikuja na pasi yake, mkaa umeshika. Aliigusa kwa kidole chenye mate, akaipunguza moto kwa kuikokota juu ya jani la mgomba. Akaligeuza gauni nje ndani. Akatandika khanga yenye unyevu juu yake. Akapitisha pasi mara moja, polepole. Tukasikia harufu kama ya mpira unaoungua.

Alipoinua khanga, madoa yalikuwa yamejitokeza kifuani mpaka chini, ya kahawia, ya mviringo, yamepangana kwenye mstari kama yamepigwa muhuri.

"Uliianika wapi?"

"Kwenye uzio, mama."

"Uzio upi?"

Alitoka nje mwenyewe. Tulimwona akiinama, anagusa vichwa vya minyaa, kila kimoja na tone lake lililoganda. Alirudi, akamwaga mkaa nje, akaufukia kwa mguu, akashika pasi yake. Alisema neno moja: "Basi." Akaondoka.

Neno lile nimeligeuza miaka yote. Basi ya hasira, au basi ya usijali. Siku ile nililisikia kama hasira.

Nilijaribu ndimu. Nilijaribu mafuta ya taa, nikaongeza doa juu ya doa. Baadaye sana fundi cherehani mmoja wa mjini aliniambia kuwa maziwa ya mnyaa yanatolewa kwa mafuta ya kula yakiwa bado mabichi, na yakishapigwa pasi basi ndiyo yamekaa. Alinieleza vizuri, nami nikamshukuru kama vile ingenifaa.

"Mfunge khanga mpya," mama mkwe akaniambia. "Padre anamwagia kichwa, hamwagii mgongo."

"Mama, nitapitaje mbele za watu? Na hao watoto wengine wawili wa Jumapili, satini yao nimeiharibu mimi. Watasema."

"Watasema nini?"

"Watu wa mawe wamepewa kitu kizuri siku moja tu."

"Waseme! Mdomo ni wao, mtoto ni wako."

Jumamosi mume wangu aliporudi nilimwambia mtoto ana homa, Jumapili hatutakwenda, amweleze katekista. Alimshika mtoto paji la uso. Akaniangalia. Alikuwa mtu asiyeuliza.

"Basi tutangoja mwezi ujao," akasema.

Mtoto hakuwa na homa. Nilimsingizia.

Jumapili nilikaa ndani nikisikia rimu inagongwa, kisha nyimbo. Wifi alikwenda. Aliporudi alikaa karibu yangu, na mdomo wake ule siku hiyo ulikuwa mpole. "Wamebatizwa wawili, wifi. Mmoja na khanga, mmoja na shati la kaka yake. Hakuna aliyecheka."

Jumatano ya wiki iliyofuata homa ilikuja kweli. Mtoto alikataa ziwa. Zahanati ilikuwa mbali, mwendo wa siku, na mume wangu alikwenda kuomba baiskeli, hakupata upesi. Tulimkanda kwa kitambaa cha maji. Alhamisi kutwa alikuwa anahema kama aliyetoka mbio. Tulimwambia Mungu kila tulichojua kumwambia. Ijumaa asubuhi, uji ukiwa jikoni, aliacha kuhema.

Miaka mingi baadaye, wakati huo nina watoto wengine sita na wote nimewapeleka kubatizwa na nguo yoyote iliyokuwa mkononi, mtawa mmoja alitufundisha kwamba mtoto akiwa hatarini mtu yeyote anaweza kumbatiza. Si lazima padre. Unamwaga maji kichwani na unasema maneno yale. Hata mama. Wenzangu waliandika kwenye madaftari. Mimi nilikuwa naliona debe nyuma ya mlango, nusu yake imebaki, maji masafi ya mwambani. Ndiyo tuliyochovyea kitambaa cha kumkandia.

Asiyebatizwa alizikwa na wanawake, karibu na nyumba, bila kengele. Nilileta gauni nimvike, na madoa yake. Mama mkwe alilichukua mikononi mwangu akalikunja. "Hili hapana, mwanangu," akasema, na ndiyo mara pekee aliyoniita mwanangu. Akamzungushia khanga yake mwenyewe.

Mke wa katekista alikuja na jembe lake. Alichimba pamoja nasi. Tulipomaliza alinishika bega, akasema kwa sauti ya chini, "Ungemleta tu."

Nilimrudishia gauni, akakataa. Lilikaa kwenye sanduku langu mpaka panya walipolimaliza. Mimi sijashika satini tena. Wajukuu wakiniletea magauni ya harusi niwaoneshe jinsi ya kuyatunza, nakaa kwenye kigoda nawaelekeza kwa mdomo, na wanadhani ni uzee.

Jambo moja sina uhakika nalo. Mimi nakumbuka kwamba Alhamisi ile mtoto akihema, katekista hakuwepo kijijini, alikuwa ameitwa parokiani, ndiyo maana hatukumwita. Wifi yangu bado yu hai, na anasema alikuwepo. Anasema alimwona nyuma ya nyumba yake anaziba pancha ya baiskeli, nyumba ya nne kutoka kwetu. Tumebishana hili mpaka tumeacha kulitaja. Kama wewe unayesoma ulikuwa pale, au mama yako alikuwa pale na aliwahi kukusimulia, njoo unisahihishe. Usinionee huruma kwa sababu ya umri. Niambie kama alikuwepo.