Ubao wa Jirani Nilioukwangua

Mwaka ule wa pili wa korona sisi wa mtaa wa Merrylands, huku ugenini, tulifungiwa, mwisho kilomita tano kutoka mlangoni. Bahari tuliiona kwenye televisheni tu. Jirani yetu, mzungu mzee mwenye magoti mabovu, aliishi peke yake. Binti yangu, ambaye ni nesi, akanipa kazi ya kumpelekea chakula na kumfanyia usafi. Shule sikwenda sana, lakini uchafu haujawahi kunishinda.

Gerejini mwake nilikuta ubao mrefu kuliko mlango, juu yake utando mzito mweusi wenye mchanga. Nikajiuliza, huyu alilelewa na nani? Nikaukwangua kwa kisu butu, nikamwagia maji ya moto, nikasugua mpaka ukang'aa kama sufuria ya sikukuu.

Mjukuu wangu alipoingia akashika kichwa. "Bibi, no! Hiyo ni nta! Ya miguu isiteleze mtu akisimama kwenye ubao kupanda mawimbi!"

"Mawimbi gani, na magoti yale?"

Mzee akaja, akapitisha kiganja juu ya ubao. Kisha akaongea polepole, mjukuu akanitafsiria. Ujanani yeye na wenzake walichonga mbao wenyewe, wakazisugua kwa mishumaa, wakalala ufukweni ndani ya gari bovu. Kamba ya kufunga ubao mguuni hawakuwa nayo; ubao ukikuponyoka, unaogelea kuufuata. Wenzake wote wamekufa. Nta ile ndiyo iliyobaki ya siku zile.

Nikaenda kuchukua mishumaa yangu, ile ambayo binti yangu hunicheka kwa kuiweka, maana umeme wa huku haukatiki.

"Nisamehe, mzee. Nionyeshe."

Akanionyesha: viduara vidogo, bila pupa. Tulisugua mpaka alasiri, barakoa usoni.

Kisha akataka tuulaze nyasini. Akapanda. Akakunja magoti, akatupa macho nyuma ya bega, akingoja wimbi, na mimi nikageuka kulitazama! Haki ya Mungu, mgongo wake ulinyooka. Akatembea hatua mbili, tatu, hadi nchani mwa ubao, mwepesi kama paka.

"Bibi, mshike!"

"Mwache. Usimguse."

Aliposhuka alikuwa anahema. Akaniita kwa kidole, akanionyesha mahali kisigino kilipoteleza.

"Hapa nta bado," alisema, mjukuu akanitafsiria.

Nikachukua mshumaa, nikapiga magoti.