Jaji Aliyemweleza Damaris Kwa Nini

Mimi Pamela si mtu wa kuduwaa ovyo. Miaka yote hii ya ubawabu Doha nimewafungulia mlango matajiri wa kila namna, na hakuna aliyewahi kunitetemesha. Lakini asubuhi ile, chumbani kwetu mtaa wa Al Thumama, nilitetemeshwa na jaji aliyekuwa ndani ya simu.

Kesi ilikuwa ya Damaris, bawabu mwenzangu tunayelala naye chumba kimoja. Kaka yake alikopa mabati na saruji kwa Mzee Maurice, mwenye duka la vifaa vya ujenzi Kitale, Kenya, na Damaris akamdhamini. Kaka akahama, simu akazima. Ndugu wengine, wacha tu! Mzee akashtaki, akashinda, na deni likamwangukia Damaris. Kila mshahara alituma alichoweza, lakini hakikutosha. Mzee akaomba afungwe, hakimu akakubali, hati ya kumkamata ikatoka. Akishuka tu kwenye ndege, ni jela.

Halafu mama yake akapata kiharusi.

"Pam, nikienda nafungwa. Nisipoenda, nitamzika mama nikiwa kwenye simu," aliniambia. Bahati nzuri wakili mmoja wa Kitale alijitolea, akakata rufaa.

Siku ya uamuzi mahakama ilikaa kwa video. Damaris alikuwa ametoka kazini, akakataa kuvua sare. "Acha waone nafanya kazi," akasema. Tuliegemeza simu kwenye thamosi, nikazima AC kwa sababu ya kelele zake, na mimi na joto hatupatani kabisa. Hadijah, Mganda tunayeishi naye, akajifuta jasho. "Leo tutaiva," akanong'ona.

Jaji alikuwa mama wa makamo. Alisoma uamuzi kwa Kiingereza, kisha akavua miwani na kusema Kiswahili ili wenye kesi wasikie.

"Damaris, deni lipo, na mimi silifuti. Lakini hakimu aliandika mstari mmoja tu: ombi limekubaliwa. Nimepekua faili lote nikitafuta kwa nini, sikuona. Je, una uwezo na umekataa kulipa? Umeficha mali? Hakuna alipoandika. Mtu hafungwi kwa mstari mmoja. Hati hiyo naifuta. Ombi litasikilizwa upya na hakimu mwingine, naye atoe sababu zake."

Damaris alijiziba mdomo kwa mikono miwili.

Nikadhani yamekwisha. Kumbe jaji akamgeukia Mzee Maurice, aliyekuwa kwenye kona ya kioo cha simu na koti lake la kanisani. "Na wewe Mzee, usidhani nimekuonea. Fedha ni haki yako. Ukiwa na ushahidi kwamba anaweza kulipa na hataki, ulete. Leo umeshindwa, na ni haki yako kujua umeshindwa kwa nini."

Mzee akasema, "Nimekasirika, mheshimiwa. Lakini nimeelewa."

Jamani! Huku kazini nikiuliza kwa nini nimebadilishiwa zamu, naambiwa "yalla, haya nenda." Na huyu mama mwenye uwezo wa kumfungia mtu mlango wa jela anakaa chini kuwaeleza bawabu na muuza misumari, kila mmoja kwa zamu yake, kama watu. Mwili ulinisisimka hata joto nikalisahau. Damaris hakushangilia. "Kumbe hata mimi lazima nielezwe," alisema polepole, kama anayejaribu viatu vipya.

Wiki iliyofuata akapanda ndege. Nilikaa roho juu mpaka alipopiga simu kutoka Kitale.

"Hakuna aliyenishika, Pam. Na mama ameanza kuongea kidogo kidogo. Ameniuliza kwa nini nilikawia."

"Ukamjibuje?"

"Nimekaa hapa kitandani kwake. Namweleza tangu mwanzo."