Saa Tano ya Nani?

KALEMIE. Ni saa kumi na moja alfajiri. Kwa msafiri aliyetoka Manono, muda huohuo ni saa tano. Ng'ambo ya ziwa, kule Kigoma, tayari ni saa kumi na mbili na watu wanachemsha chai. Mama Émérence Sangwa anazijua hesabu zote tatu, na hakuna hata moja anayoiamini.

Amesimama mbele ya chumba namba saba katika hoteli ya Pumziko Lukuga, ameshika ufunguo wa shaba. Hana desturi ya kubisha kwa ngumi. Hugonga mbao kwa ufunguo mara tatu, husema "Hodi, kumekucha," kisha hutega sikio.

"Kuitika haitoshi," anamnong'oneza mwandishi wa makala haya. "Muntu anaweza kuitika na angali usingizini. Mimi ninangoja kusikia miguu chini."

Aliyelala humo ni Papa Jérôme Mukalay, mpima ardhi kutoka Manono. Miezi miwili iliyopita Mama Émérence alimwacha alale mpaka boti ya Moba ikamwacha. Sasa amerudi, na anatakiwa kuiwahi boti ileile. Meneja wa hoteli amekwisha kusema wazi kwamba mgeni mwingine akichelewa kwa sababu yake, kazi aliyoifanya kwa miaka ishirini na minane itakuwa imekwisha.

Kabla ya ufunguo kugusa mlango, afadhali msomaji aelezwe tulivyofika hapa. Hata mwandishi mwenyewe ilimchukua siku mbili kuelewa, na bado hana hakika.

Mama Émérence ana umri wa miaka arobaini na tisa. Alizaliwa Zongwe, kijiji cha wavuvi kilicho kwenye njia ya kwenda Moba, na aliingia Pumziko Lukuga kama mfuaji wa mashuka. Hakuomba kuwa mwamshaji. Watu waligundua tu kwamba mgeni aliyeamshwa na yule mama wa mashuka hakosi safari, wakaanza kumwita kwa jina. Baadaye aliwekwa mapokezi. Leo mshahara wake ni dola mia moja na thelathini kwa mwezi, na ndio unaomsomesha bintiye Nadine katika shule ya uuguzi.

Zamani, anasema, kazi ilikuwa nyepesi. Vyumba kumi na vinne vilijaa wafanyakazi wa mashirika ya misaada, ambao walikaa miezi mitatu au minne na kuamka saa ileile kila siku. Ungeweza kurekebisha saa ya ukutani kwa kuwatazama wakienda kuoga.

Wale wamepungua sana. Mahali pao sasa panagombewa na watu wa kila aina: wapimaji na watafiti wanaopita kwenda na kurudi Manono kwa ajili ya litiamu, wafanyabiashara kutoka Kigoma, maofisa wa Lubumbashi, na wachumba wanaokuja kupiga picha ufukweni. Hoteli mpya zimeota mjini kama uyoga, moja ina hata bwawa la kuogelea, ingawa ziwa zima liko mbele yake bure. Kila mgeni anakuja na simu yake, haraka yake na saa yake.

Hilo la saa ndilo lililomtia Mama Émérence matatani.

"Baba yangu alikuwa anauzisha ndakala, wale munaita dagaa, kule Kigoma," anaeleza. "Alitufundisha saa ya jua. Jua likitoka, njo wakati unaanza kuhesabu: moja, mbili, tatu. Muntu wa Manono, yeye anahesabu saa ya biro, ya ofisi, ile iliyoandikwa kwenye saa yenyewe. Wote wanasema Kiswahili. Wote wanasema 'saa tano'. Sasa mimi nitajua namna gani ni tano ya nani?"

Siku ile Papa Jérôme alifika jioni, amekaa juu ya pikipiki siku tatu, vumbi mpaka kwenye kope. Alilipa, akachukua ufunguo, akasema maneno matatu tu: "Unilamushe saa tano." Alimaanisha aamshwe kabla jua halijatoka, kwani boti ya Moba huondoka saa moja baadaye. Mama Émérence alimtazama, akamhurumia, na akasikia saa tano ya baba yake, ile ya karibu na adhuhuri.

Asubuhi aliweka kiti mbele ya chumba namba saba na kuulinda usingizi wa mtu yule kwa moyo wake wote. Alimzuia mpishi asitwange pilipili. Alimfukuza mbuzi wa jirani. Alimwambia mfagiaji, Mama Rachelle, aanzie upande wa pili na asiburute ndoo. Katika miaka yake yote ya kazi, anasema, hakuna mgeni aliyepata kulala kwa amani kiasi kile.

Papa Jérôme aliamka mwenyewe jua likiwa juu, akafungua mlango, akamkuta mama anatabasamu na kidole mdomoni, anamnyamazisha mbuzi. Boti ilikuwa imekwisha kupita Zongwe.

Alikuwa anakwenda Moba kupokea mahari ya bintiye Elisabeth. Mahari ilipokelewa na mdogo wake. Baba mwenye binti alikaa Kalemie siku nne akingoja boti nyingine, akila samaki na kulipia kila sahani. Mama Émérence anasema angefurahi kama angetukanwa.

Wiki iliyofuata Papa Jérôme aliipa hoteli nyota moja kwenye mtandao.

Hapa mwandishi anaomba msomaji asicheke haraka. Mama Émérence aliposikia kwamba mgeni yule ametoa nyota, alimshukuru Mungu. Alipokuwa mtoto, shuleni Zongwe, sista alikuwa akimbandikia nyota ya karatasi mtoto aliyefanya vizuri, na alikuwa akibandika moja tu. Basi alijua amesamehewa. Aliwaambia majirani. Aliwaambia wanakwaya wenzake. Siku mbili nzima alitembea amejaa furaha, mpaka meneja alipomwita ofisini na kumweleza kwamba nyota huhesabiwa hadi tano, na moja ni aibu.

"Nilimuuliza: kama ni aibu, kwa nini wanaiita nyota?" anakumbuka. "Na yeye hakujua."

Meneja huyo ni Blanchard Kisimba, kijana wa miaka ishirini na tisa, mtoto wa mwenye hoteli, aliyesomea kazi ya hoteli Lubumbashi. Si mtu mbaya. Mama Émérence alimbeba mgongoni akiwa mchanga, na leo anamwita Papa Blanchard kwa heshima ya cheo. Lakini kuna kampuni moja ya utafiti wa madini inayotafuta hoteli ya kuwalaza watu wake kwa mwaka mzima, na Blanchard ameambiwa itatazama nyota.

"Mugeni wa leo anatazama nyota mbele ya kutazama kitanda," anasema. "Hata mimi sijui nani aliamua hivyo. Lakini njo hivyo."

Alimwandikia Mama Émérence barua ya onyo, kisha akatoa amri kwamba ndani ya hoteli saa zote zihesabiwe kwa saa ya biro. Alifikiri pia kuachana kabisa na kazi ya kuamsha, maana kila mgeni ana simu. Ila umeme ukikatika simu zinazimika, na hizo zinazotoka ng'ambo huja na saa ya ng'ambo, imezidi kwa saa nzima. Kwa hiyo mwamshaji akabaki, lakini sasa kichwa chake kina hesabu mbili, moja ya kazini na moja ya nyumbani, na mpaka wake ni geti la hoteli.

Geti halitoshi. Mwezi uliopita aliambiwa mazoezi ya kwaya ni saa kumi. Wenzake walifika jua linapoanza kupoa. Yeye alikuwa amefika asubuhi, akakaa kwenye ngazi za kanisa lililofungwa, akijiuliza kama kwaya imevunjwa bila yeye kupewa habari.

Mwandishi naye hana cha kujivunia. Ahadi ya mahojiano ilikuwa saa tatu. Kwa kuwa alitoka Kigoma, alifika asubuhi, tena mapema zaidi kwa sababu simu yake ilikuwa bado inasoma saa ya nyumbani. Mama Émérence, akitii amri ya meneja, alitokea saa tatu ya biro, yaani alasiri. Alimkuta mgeni wake amekaa saa saba kwenye benchi, amemaliza chupa nne za maji na ubishi wote. Mama alishika kichwa. Kisha akasema, kwa sauti ya mtu aliyeonja faraja, "Kumbe na waandishi."

Jioni ya jana Papa Jérôme alirudi. Mara hii anakwenda kumwingiza Elisabeth kanisani, jambo ambalo mdogo wake hawezi kumfanyia. Mama Émérence alipoliona jina kwenye daftari alilisoma mara mbili. Mwandishi alimuuliza mgeni kwa nini hakwenda hoteli nyingine.

"Kule wana simu mezani," alijibu Papa Jérôme. "Simu haina woga. Huyu mama amekwisha kukosa mara moja. Atalala namna gani?"

Wahenga walisema aumwaye na nyoka akiona unyasi hushtuka. Mama Émérence hakukubali kuambiwa saa kwa mdomo. Aliishusha saa ya ukutani, akaiweka mezani, akamwomba mgeni aguse kwa kidole mahali anapotaka mshale uwe. Papa Jérôme aligusa. Mama akauliza, jua litakuwa limetoka ao bado? Bado. Wavuvi watakuwa wamerudi ao wangali majini? Wangali majini. Alimuuliza mara ya tatu, mgeni akajibu mara ya tatu, bila kukasirika.

Sasa ufunguo unagonga mbao. Mara moja, mbili, tatu.

"Hodi. Kumekucha."

Miguu inasikika papo hapo, na si miguu mitupu. Ni viatu. Mlango unafunguka, na Papa Jérôme amesimama amevaa suti, begi begani. Nyuma yake kitanda kimetandikwa kama Mama Rachelle alivyokiacha jana.

"Sikulala, Mama," anasema. "Nilikaa pale tangu usiku, ninasikiliza kama unatembea."

"Na mimi nilikuwa kwenye kiti," anajibu Mama Émérence. "Nilisikia muntu anakohoa. Nilidhani ni namba nane."

Kisha mgeni anampa mkono wa kulia, wa kushoto ukishika kiwiko chake mwenyewe kwa heshima, na anashuka kwenda bandarini. Mama Émérence anabaki na ufunguo wake. Uso wake hauna ushindi wala huzuni.

"Basi," anamgeukia mwandishi, "nimemulamusha ao sikumulamusha?"

Blanchard alipoulizwa alikuna kichwa, akafungua daftari la kazi, akaandika kwamba mgeni wa namba saba ameamshwa, halafu akaweka alama ya kuuliza.

Boti ya Kigoma ilichelewa siku tatu, na hivyo mwandishi akawahi kuona mwisho. Siku ya tatu ilifika mtandaoni picha kutoka Moba: bibi harusi mrefu, na baba aliyeshika mkono wake akitazama mbele kama askari. Chini yake kulikuwa na nyota tano. Ile moja ya kwanza ilikuwa bado ipo, kwa sababu Papa Jérôme hakujua namna ya kuifuta. Mtandao ulizichanganya zote mbili na kutoa wastani wake wenyewe.

"Tatu," alisoma Blanchard.

"Tatu ya jua ao tatu ya biro?" aliuliza Mama Émérence, na hakuwa anatania.

Meneja alicheka mpaka akafuta macho. Kisha alifungua droo, akatoa nakala yake ya ile barua ya onyo, akaitia mikononi mwa mama aliyembeba mgongoni ili aichane. Kama nyota tatu zitaitosha kampuni ya madini, bado hajui. Haijajibu.

Mama Émérence anataka kubaki mapokezi miaka miwili zaidi, mpaka Nadine avae sare nyeupe. Ameahidiwa saa mpya ya ukutani yenye namba nyeusi za biro ndani na namba nyekundu za jua nje, ili kila mgeni aguse yake. Baada ya hapo atajenga vyumba viwili Zongwe, pembeni mwa maji, na humo hataweka saa kabisa. Mgeni ataamka wavuvi wakirudi, na asiyetaka ataendelea kulala.

Asubuhi ya safari, ufunguo uligonga mlango wa mwandishi mara tatu. Alishika simu, akaona ameshachelewa kwa saa nzima, akaruka akitafuta suruali huku akilalamika kwa sauti kwamba boti imemwacha.

"Boti iko," ilijibu sauti ya upande wa pili, imetulia kuliko siku zote. "Simu yako njo ingali Kigoma. Wewe uko huku. Vaa viatu, Papa, ninangoja miguu."