Pumzi za Mkanada

Nilirudi nyumbani na diploma ya kurekodi sauti, niliyoipata Brussels kwa jasho langu, bila mjomba wizarani wala kaka ubalozini. Miaka ile ya tisini, nikiwa bado huko, hata mafundi wa Kizungu walikuwa wakiazima masikio yangu.

Mwaka mmoja tulipiga filamu ya televisheni katika kiwanda kitupu kule Forest, pembeni mwa Brussels. Mwigizaji mmoja alitoka Kanada, mzee wa miaka sitini hivi. Ukimwona ungesema unamjua, lakini jina lake usingelitaja. Kwa miaka thelathini alikuwa daktari wa dakika mbili, polisi wa mlangoni, mlevi anayechomwa kisu kabla ya matangazo. Safari hii, kwa mara ya kwanza, walimpa nafasi kubwa: baba wa familia, anayekufa mwishoni.

Maikrofoni yake nilimbandika kifuani kwa mkono wangu, chini ya shati. Ndiyo maana nilisikia asichosikia mwongozaji: pumzi inakwama, inajiburuta, kimya, kisha inarudi. Kila siku kile kimya kilirefuka.

"Mzee, kifua chako hakiko sawa," nilimwambia tukinywa kahawa.

Alinishika mkono. "Fundi, ukisema, kesho wanaleta mwingine. Nafasi hii nimeingoja maisha yangu yote. Nikimaliza nitakwenda hospitali."

Siri yake nikaitunza.

Msusi wetu, mama wa Kikongo mwenye saluni Matonge, mtaa wa Waafrika pale Brussels, alimtazama akifanya mazoezi ya kufa, akaguna, akaniita mjomba kwa Kifaransa chake. "Tonton, huyu muzee anacheza na kifo kila siku. Bon, siku moja kifo itamuitika."

"Maman, acha uchuro," nilimjibu.

Siku ya kupiga kifo chenyewe ikafika. Kazini kwetu neno "kata", la kusimamisha kamera, ni la mwongozaji peke yake. Fundi akilitamka, ajitafutie kazi nyingine. Mzee akalazwa kitandani, akasema maneno yake ya mwisho vizuri mno hata msusi akajifuta machozi. Akafumba macho. Masikioni mwangu kimya kikaanza. Nikahesabu hadi kumi. Mwongozaji akatabasamu, akaashiria kamera isogee karibu na uso. Kumi na tano. Ishirini.

"Kata!" nilipiga kelele.

"Wewe nani hapa?" mwongozaji alifoka.

Nilikuwa nimeshafika kitandani, nachana shati lake. Midomo ya mzee ilikuwa ya buluu.

Gari la wagonjwa lilimwahi. Masikio yangu ndiyo yaliyomwokoa, na hilo nitalisema popote. Nafasi yake akapewa mwingine, picha zikapigwa upya tangu mwanzo. Mimi sikuitwa tena.

Nilimpelekea machungwa hospitali. Alikuwa ametazama ukuta.

"Zilibaki sekunde ngapi?" aliuliza.

"Za nini, mzee?"

"Picha ikamilike."

Nilikuwa nimemsikia mwongozaji akilalamika, kwa hiyo nilijua. "Kumi."

Hakugeuka. "Ungeningojea," alisema.