Mashine ya Babu Ilitaka Watu Wawili

Nakumbuka siku moja enzi za ujana wangu, yaani mwaka jana, nikiwa kidato cha pili. Mwanangu, usicheke. Wewe uko darasa la sita, kwako mimi ni mzee.

Babu alifariki kijijini Mbuji akaacha shamba la kahawa na mashine ya mkono ya kumenyea. Siku hizi malori ya wanunuzi binafsi yanafika hadi mlangoni, basi kila mtu anataka chake upesi. Baba akaihamishia mashine kwetu. Shangazi, aliyeolewa Mbaha huko ziwani lakini ndiye aliyemuuguza Babu, akalikalia shamba. Wakafikishana mahakama ya mwanzo huku kahawa imeiva, inadondoka.

Nje ya mahakama nikajitia wakili. Nikamwambia Shangazi kwa sauti, "Rudi Mbaha ukarithi usipa, vidagaa vyenu vya ziwani!" Watu wakacheka. Yeye hakucheka.

"Hata shikamoo huna? Na usipa ninaowaletea kila Krismasi, anayelamba sahani ni nani?"

Nikajipenyeza nyuma ya Baba, mimi niliyezoea kujibu hadi walimu.

Ndani, hakimu, mgeni wa mikoa ya mbali asiyejua kahawa, akauliza mashine inaendeshwaje.

"Mmoja anazungusha, mwingine anamimina kahawa na maji," Baba akasema.

"Wewe ulikuwa unazungusha, nani anamimina?"

Baba akakohoa. "Dada."

"Tena alizungusha kama anafukuzwa na nyuki," Shangazi akadakia. "Punje zinaruka hadi jikoni!"

Baba akacheka kabla hajajizuia. Hakimu akawapa nafasi wakazungumze pembeni. Wakarudi na neno moja: shamba nusu kwa nusu, mashine irudi nyumbani kwa marehemu Babu, asiihamishe mtu. Ikaandikwa, wakasaini. Jumamosi tulichuma wote.

Wao walipatana, mwanangu. Mimi nikabaki na tusi langu. Siku nzima nilimwagia maji mashine ile bila kuthubutu kumtazama Shangazi, mpaka nikapiga magoti kwenye maganda.

"Shikamoo, Shangazi. Nisamehe."

"Marahaba. Haya mimina, kahawa inakwama."

Basi nakuusia: wakubwa wakigombea mali, usiwasaidie kutukana. Wao wamekua pamoja, wana pa kurudia. Wewe utarudia wapi? Na zamu yako ya kurithi ikifika, kubali nusu ukiwa bado na ndugu. Mungu akupe wa kukumiminia maji, na akuwekee shamba lisilokauka. Usipa wa Krismasi niachie mimi.